Carlisle 1912: Jinsi shule ya Wenyeji wa Marekani ilivyowashinda wanajeshi uwanjani

Jumamosi ya tarehe 9 Novemba 1912, timu mbili za futiboli ya Kimarekani zilikutana West Point, katika jimbo la New York. Upande mmoja walikuwa wanafunzi wa chuo cha kijeshi, vijana walioandaliwa kuwa maofisa wa jeshi la Marekani. Upande wa pili walikuwa vijana wa makabila ya Wenyeji wa Marekani, wale ambao vitabu vyetu vya zamani viliwaita Wahindi Wekundu. Walitoka shule ya bweni ya serikali iliyoitwa Carlisle.

Wakati huo hata miaka 22 haikuwa imetimia tangu jeshi hilohilo liwaue watu wa kabila la Lakota, wakiwemo wanawake na watoto, mahali panapoitwa Wounded Knee. Hiyo ilikuwa Desemba 1890. Baadhi ya wachezaji wa Carlisle walikuwa wameshazaliwa siku ile.

Mechi ilipokwisha, Carlisle walikuwa na pointi 27 na wanajeshi 6.

Wasikilizaji wetu wengi mnaujua mpira wa miguu tunaoucheza sisi, lakini futiboli ya Kimarekani ni ngeni kwenu. Katika makala hii tunaeleza mchezo huo ulivyokuwa mwaka 1912, Carlisle ilikuwa shule ya namna gani, msimu wao ulikwendaje, na kwa nini hadi leo ushindi wao unakumbukwa kwa fahari na kwa uchungu pia.

Carlisle ilikuwa shule ya namna gani?

Shule hii ilifunguliwa mwaka 1879 katika mji wa Carlisle, jimbo la Pennsylvania, ndani ya kambi ya zamani ya jeshi. Mwanzilishi wake alikuwa ofisa wa jeshi, Richard Henry Pratt. Yeye aliamini kuwa Mwenyeji wa Marekani anaweza kuishi na kuendelea ikiwa tu ataacha kabisa kuwa Mwenyeji. Kwa maneno mengine, mtu aokolewe, lakini mila, lugha na dini yake vife.

Basi watoto walichukuliwa kutoka kwa wazazi wao, wengine wakisafirishwa kwa treni kwa siku kadhaa. Wakifika, walinyolewa nywele. Katika makabila mengi kunyoa nywele ilikuwa dalili ya msiba, kwa hiyo watoto walilia wakidhani kuna mtu amekufa nyumbani. Walivuliwa nguo zao wakavishwa sare, wakapewa majina mapya ya Kizungu. Aliyekamatwa akizungumza lugha ya mama yake aliadhibiwa.

Nusu ya siku walisoma darasani na nusu nyingine walifanya kazi za mikono: useremala, uhunzi, ushonaji, kufua na kulima. Wakati wa likizo wengi hawakurudi kwao. Walipelekwa kuishi na familia za Wazungu na kuwafanyia kazi.

Kwa muda wa miaka 39 maelfu ya watoto kutoka makabila zaidi ya 100 walipitia hapo. Wengine hawakutoka. Kifua kikuu na maradhi mengine yaliwaua, na zaidi ya 180 kati yao walizikwa hapohapo.

Tuseme pia jambo moja mapema ili msomaji asichanganyikiwe. Carlisle haikuwa chuo kikuu. Masomo yake hayakufika mbali, na wanafunzi wake walikuwa wa umri mbalimbali. Lakini kwenye futiboli ilicheza na vyuo vikubwa vya nchi hiyo, na ndiyo maana msimu wake unahesabiwa pamoja na misimu ya vyuo.

Mchezo wenyewe unachezwaje?

Futiboli ya Kimarekani huchezwa na watu 11 kila upande. Mpira wake si wa duara, umechongoka pande mbili kama yai. Wachezaji huubeba mikononi, na mara nyingine huupiga teke. Timu yenye mpira inajaribu kusogea mbele kipande kwa kipande, na timu pinzani inawakamata na kuwaangusha chini. Mchezaji akiangushwa, mchezo unasimama, halafu unaanza tena mahali hapohapo.

Timu hupewa majaribio machache ya kusogea yadi 10, yaani kiasi cha mita 9. Ikifaulu, inapewa majaribio mengine. Ikishindwa, mpira unakwenda kwa wapinzani. Mchezaji akifanikiwa kuufikisha mpira kwenye eneo la mwisho la wapinzani, hiyo ndiyo tachidauni, bao kubwa kuliko yote. Baada yake timu hupata nafasi ya kuongeza pointi moja kwa teke. Pia timu inaweza kupata pointi tatu kwa kuupiga mpira teke ukapita kati ya nguzo mbili za goli.

Mwanzoni mwa karne ya 20 mchezo huu ulikuwa wa hatari sana. Wachezaji walishikana kwa mikono wakasukumana kama ukuta, na aliyeanguka chini alilaliwa na wenzake na maadui pamoja. Kofia zilikuwa za ngozi laini, na wengine hawakuvaa kabisa. Katika msimu wa 1905 magazeti yalihesabu vifo visivyopungua 18 vya vijana. Rais Theodore Roosevelt aliwaita Ikulu wawakilishi wa vyuo vya Harvard, Yale na Princeton, akawataka wausafishe mchezo kabla haujapigwa marufuku.

Hapo sheria zikaanza kubadilika. Mwaka 1906 iliruhusiwa kuurusha mpira mbele kwa mkono. Mwaka 1912 yalikuja mabadiliko mengine makubwa: tachidauni ilipanda kutoka pointi 5 hadi 6, majaribio yaliongezwa kutoka matatu hadi manne, na uwanja ulifupishwa kutoka yadi 110 hadi 100, sawa na mita 91 hivi.

Mabadiliko haya yalikuwa na maana kubwa kwa Carlisle. Mchezo wa zamani uliwapa faida wenye miili mikubwa. Mchezo mpya uliwapa nafasi wenye mbio na akili. Vijana wa Carlisle kwa kawaida walikuwa wepesi kuliko wapinzani wao, kwa hiyo mlango uliofunguliwa na sheria mpya wao waliuingia kabla ya wengine.

Kwa nini shule hii ilicheza futiboli?

Mwanzoni Pratt hakuutaka mchezo huu. Mwanafunzi mmoja alivunjika mguu akicheza, naye akapiga marufuku mechi na shule nyingine. Vijana walikwenda ofisini kwake kumwomba abadili mawazo. Kwa maelezo ya Pratt mwenyewe, alikubali kwa masharti mawili. La kwanza, wasipigane ngumi uwanjani hata wakichokozwa, maana watazamaji wangesema hao ni washenzi. La pili, baada ya miaka michache wawe wameishinda timu bora kuliko zote nchini.

Masharti hayo yanaonyesha mzigo waliobebeshwa. Mchezaji wa Harvard akipiga ngumi, ilihesabika kuwa ni kosa la mtu mmoja. Mchezaji wa Carlisle akipiga ngumi, taifa zima la Wenyeji lilihukumiwa.

Mwaka 1899 shule ilimwajiri kocha Glenn Warner, maarufu kwa jina la Pop. Warner alikuwa fundi wa mbinu. Mwaka 1903, katika mechi dhidi ya Harvard, mchezaji mmoja wa Carlisle alifichiwa mpira mgongoni, ndani ya jezi iliyoshonwa mpira wa kubana kiunoni. Wenzake walitawanyika kila mmoja akijifanya ndiye ameubeba. Harvard waliwakimbiza wasio na kitu, huku mwenye mpira akikimbia hadi eneo la mwisho. Carlisle walipoteza mechi ile kwa pointi moja, 12 kwa 11, lakini kisa hicho kinasimuliwa hadi leo.

Kulikuwa na sababu nyingine ya kupenda futiboli, nayo ni fedha. Timu ya Wenyeji ilivuta watu. Maelfu walilipa kiingilio kuwaona "Wahindi" wakipambana na Wazungu. Mechi kubwa karibu zote Carlisle walicheza ugenini, kwenye miji yenye viwanja vikubwa, wakikaa ndani ya treni wiki baada ya wiki. Fedha walizopata ziliingia kwenye mfuko wa michezo wa shule. Tutarudi kwenye mfuko huo baadaye.

Timu ya mwaka 1912

Nahodha wa timu alikuwa Jim Thorpe, wa kabila la Sac na Fox kutoka Oklahoma. Alizaliwa mwaka 1887 na kupewa jina la kikabila Wa-Tho-Huk, ambalo hufasiriwa kuwa Njia Angavu. Wazazi wake wote wawili walifariki kabla hajawa mtu mzima.

Miezi michache kabla ya msimu, Julai 1912, Thorpe alikuwa Stockholm nchini Sweden kwenye Michezo ya Olimpiki. Alishinda medali ya dhahabu ya pentathloni, yaani mashindano ya michezo mitano kwa mtu mmoja, na ya dekathloni, yaani michezo kumi. Mwanafunzi mwenzake wa Carlisle, Lewis Tewanima wa kabila la Hopi, alipata medali ya fedha katika mbio za mita 10,000. Waliporudi, New York iliwapokea wanamichezo wa Olimpiki kwa maandamano makubwa barabarani.

Hebu tafakari hali hiyo. Kijana anashangiliwa kama shujaa wa Marekani, ilhali Wenyeji wengi wakati huo hawakuhesabiwa kuwa raia wa Marekani. Sheria iliyowapa uraia Wenyeji wote ilipitishwa mwaka 1924, miaka 12 baadaye.

Lakini Thorpe hakuwa peke yake. Gus Welch, wa kabila la Ojibwe, ndiye aliyekuwa mpangaji wa mashambulizi, anayeamua mpira uende kwa nani. Joe Guyon, naye wa Ojibwe, alikuwa na nguvu na mbio. Alex Arcasa alikuwa mkimbiaji hodari, na Joe Bergie alisimama katikati ya mstari wa mbele.

Mwaka huo Warner alikuja na mpangilio mpya. Aliwasogeza wakimbiaji wawili pembeni, mmoja kila ubavu, badala ya kuwarundika wote nyuma ya ukuta. Kutoka hapo mpira ungeweza kwenda kushoto, kulia, katikati au kurushwa mbele, na mabeki wa timu pinzani hawakujua wamfuate nani. Mpangilio huo wa mbawa mbili ulikuja kuigwa na timu nyingi miaka iliyofuata.

Msimu ulivyokwenda

Carlisle walianza Septemba kwa timu ndogo za jirani. Waliifunga Albright 50 kwa 7, Lebanon Valley 45 kwa 0, Dickinson 34 kwa 0 na Villanova 65 kwa 0.

Tarehe 5 Oktoba walishikwa. Washington na Jefferson, chuo kidogo cha Pennsylvania, kiliwazuia kwa sare ya 0 kwa 0. Ilikuwa onyo kwamba jina kubwa halifungi mabao.

Wiki iliyofuata walikwenda Syracuse, timu iliyowapa kipigo pekee mwaka uliotangulia, kwa pointi moja tu. Safari hii Carlisle walishinda 33 kwa 0. Baada ya hapo waliifunga Pittsburgh 45 kwa 8, kisha Georgetown 34 kwa 20 mjini Washington. Siku mbili tu baada ya mechi ya Georgetown walikuwa Toronto, Kanada, wakacheza na kushinda tena. Halafu Lehigh nayo ikalala 34 kwa 14.

Wasikilizaji mnaofuatilia ligi mnajua mzigo wa kucheza mara mbili kwa wiki. Hawa walifanya hivyo kwa treni ya makaa ya mawe, wakiwa na wachezaji wachache wa akiba, katika mchezo ambao kila dakika mtu anaangushwa chini.

Siku ya West Point

Inasimuliwa kwamba kabla ya mechi Warner aliwakumbusha vijana wake vita kati ya jeshi na mababu zao. Aliwaambia kuwa hawa wanaokutana nao ni wana wa wale waliopigana na baba zenu, na leo mnakutana mikono mitupu. Iwe alisema hivyo neno kwa neno au la, wachezaji hawakuhitaji kukumbushwa. Kila mmoja alijua sare ya jeshi ilimaanisha nini nyumbani kwao.

Wanajeshi walikuwa na timu nzito. Nahodha wao, Leland Devore, alikuwa jitu la mtu. Kati ya walinzi wao alikuwamo kijana kutoka Kansas aliyeitwa Dwight Eisenhower. Huyo ndiye aliyekuja kuwa jenerali mkuu wa majeshi ya washirika katika Vita vya Pili vya Dunia barani Ulaya, na baadaye rais wa Marekani.

Wanajeshi ndio waliotangulia kufunga tachidauni, lakini teke la kuongeza pointi lilikosa. Wakabaki na 6, na hawakuongeza hata moja hadi mwisho.

Carlisle walifungua mpangilio wao wa mbawa mbili. Walinzi wa West Point walimkimbilia Thorpe, na mara nyingi Thorpe hakuwa na mpira. Alipokuwa nao, ilibidi watu wawili au watatu wamwangushe. Eisenhower na mwenzake mmoja walijaribu kumkamata kwa pamoja, wakagongana wao kwa wao, na ikabidi watoke nje. Wiki moja baadaye Eisenhower aliumia goti katika mechi nyingine, na huo ukawa mwisho wa futiboli yake.

Devore, aliyekuwa akihangaishwa na Joe Guyon, alishindwa kuzuia hasira. Alimchezea rafu mbaya, na waamuzi wakamtoa uwanjani. Kumbuka lile sharti la Pratt. Siku hiyo aliyeshindwa kujizuia alikuwa nahodha wa maofisa watarajiwa, si kijana wa Carlisle.

Jambo moja ambalo simulizi nyingi husahau ni kwamba tachidauni za siku ile hazikufungwa na Thorpe. Arcasa alifunga tatu na Bergie moja. Thorpe alipiga mateke, alikimbia, alizuia, na zaidi ya yote aliwavuta wapinzani upande wake ili wenzake wapite. Mwenye jina alifanya kazi, na wenzake wakafunga.

Matokeo: Carlisle 27, Jeshi 6.

Waliobaki hawakuwa rahisi

Wiki moja baadaye, tarehe 16 Novemba, Carlisle walifika Philadelphia kucheza na Chuo Kikuu cha Pennsylvania. Miili ilikuwa imechoka, na huenda mioyo pia ilikuwa bado West Point. Walipoteza 34 kwa 26. Hiyo ndiyo mechi pekee waliyofungwa msimu mzima.

Tarehe 23 walikutana na Springfield, chuo cha Massachusetts, wakaponea chupuchupu kwa 30 kwa 24. Pointi zote 30 alizifunga Thorpe. Msimu ulifungwa siku ya Shukrani, tarehe 28 Novemba, mjini Providence, ambako Carlisle waliifunga Brown 32 kwa 0 huku theluji ikianguka.

Hesabu ya mwisho ilikuwa hivi: mechi 14, ushindi 12, sare moja, kufungwa mara moja. Walifunga pointi 504.

Medali zilivyochukuliwa

Furaha haikudumu. Mwishoni mwa Januari 1913 gazeti moja la Massachusetts liliandika kwamba Thorpe aliwahi kulipwa kwa kucheza besiboli. Habari ilikuwa ya kweli. Mwaka 1909 na 1910 alicheza kwenye ligi ndogo ya North Carolina kwa malipo madogo. Wakati huo Olimpiki iliruhusu wachezaji wa ridhaa tu, yaani wasiolipwa, katika mchezo wowote ule.

Wanafunzi wengi wa vyuo walifanya hivyohivyo wakati wa likizo. Tofauti ni kwamba wao walijua kutumia majina ya bandia. Thorpe alitumia jina lake mwenyewe.

Barua ya kukiri ilitumwa kwa viongozi wa michezo ikiwa na jina lake. Ilieleza kwamba yeye alikuwa mwanafunzi tu wa shule ya Wenyeji, asiyejua mambo haya, na kwamba alicheza kwa kuupenda mchezo. Wanahistoria wengi wanaamini kuwa Warner alihusika kuiandaa, na kwamba kocha huyo alijua tangu zamani kijana wake alikuwa wapi katika miaka hiyo miwili. Lakini wakubwa walijitoa, na lawama yote ikamwangukia mwanafunzi. Medali zilirudishwa na jina lake likafutwa kwenye orodha ya washindi.

Sheria za Olimpiki ya Stockholm zilisema pingamizi lolote litolewe ndani ya siku 30. Pingamizi hili lilikuja baada ya miezi sita. Hakuna aliyesimama kulisema hilo kwa niaba yake.

Fedha zilikwenda wapi?

Tuliahidi kurudi kwenye mfuko wa michezo. Mwaka 1913 wanafunzi wa Carlisle, Gus Welch akiwa mstari wa mbele, walipeleka malalamiko yao serikalini. Mapema mwaka 1914 wajumbe wa Bunge la Marekani walifika kuchunguza.

Waliyoyasikia yalikuwa mazito. Wanafunzi wa kawaida walilalamikia chakula kibaya na viboko, wakati wachezaji walikula vizuri na kulala kwenye jengo lao la pekee. Fedha za futiboli zilisimamiwa na wakubwa wachache, nje ya taratibu za kawaida za serikali. Wachezaji wenyewe, Welch akiwemo, walilalamikia matusi ya kocha.

Msimamizi mkuu wa shule aliondoka. Warner naye aliondoka baada ya msimu wa 1914 akaenda kufundisha Pittsburgh. Timu ilidhoofika, ikacheza msimu wake wa mwisho mwaka 1917. Mwaka 1918 shule ilifungwa na majengo yakarudi kwa jeshi, yakawa hospitali ya askari waliojeruhiwa vitani. Leo hapo kuna chuo cha mafunzo ya juu ya maofisa wa jeshi.

Yaliyowapata baadaye

Welch alisomea sheria, kisha akawa kocha wa vyuo. Guyon alicheza futiboli ya kulipwa kwa miaka mingi, mara nyingi timu moja na Thorpe. Thorpe mwenyewe alicheza besiboli na futiboli ya kulipwa, na mwaka 1920 alichaguliwa kuwa rais wa kwanza wa chama kilichokuja kuwa ligi kuu ya futiboli ya Marekani, NFL.

Alipostaafu, maisha yalimwendea vibaya. Alifanya vibarua, akacheza sehemu ndogondogo kwenye filamu, akapambana na ulevi. Alifariki Machi 1953 akiwa maskini.

Familia yake na wapenzi wa michezo hawakuchoka kudai. Mwaka 1982 kamati ya Olimpiki ilikubali kurudisha jina lake, lakini akiwa mshindi pamoja na wale waliokuwa wa pili. Ilichukua hadi Julai 2022 kutangazwa kuwa mshindi peke yake wa mashindano yote mawili. Miaka 110 ilikuwa imepita, na mwenyewe alikuwa kaburini kwa miaka 69.

Hata kaburi hilo lina kisa chake. Baada ya kifo chake mke wake wa tatu alikubaliana na miji miwili midogo ya Pennsylvania iliyokuwa ikiungana. Wao waliuzika mwili wake na kuuita mji wao Jim Thorpe, wakitumaini kuvuta wageni. Thorpe hakuwa mwenyeji wa mji huo. Wanawe walikwenda mahakamani wakitaka baba yao arudishwe Oklahoma azikwe kwenye ardhi ya kabila lake. Mwaka 2015 Mahakama Kuu ya Marekani ilikataa kuisikiliza kesi hiyo, na safari yao ikaishia hapo.

Msimu huu unatuambia nini?

Watu wengi husimulia mechi ya West Point kama kisasi: jeshi liliwaua mababu, wajukuu wakalipiza kwa mpira. Simulizi hiyo ni tamu, lakini haitoshi. Ushindi ule haukurudisha ardhi hata ekari moja, wala haukumrudisha mtoto hata mmoja kwa mama yake. Fedha zake ziliwanufaisha wakubwa wa shule ileile iliyowakataza vijana lugha zao.

Lakini uliacha kitu. Shule ya Carlisle ilijengwa juu ya wazo kwamba Mwenyeji, akibaki alivyo, hawezi kushindana na wengine. Vijana wa mwaka 1912 walilivunja wazo hilo mbele ya maelfu ya watu, katika mchezo ambao Wazungu wenyewe waliutunga, na kwa kufuata sheria zake. Baada ya pale hakuna aliyeweza kulisema tena kwa unyoofu.

Mwaka 2017 jeshi la Marekani lilianza kufukua baadhi ya makaburi ya Carlisle na kuwarudisha watoto kwa makabila yao. Oktoba 2024 Rais Joe Biden aliomba radhi rasmi kwa niaba ya serikali kwa yale yaliyofanyika katika shule hizo, na Desemba mwaka huohuo eneo la Carlisle likatangazwa kuwa mahali pa kumbukumbu ya taifa.

Familia nyingine bado zinangoja watoto wao. Kila mwili unaporudishwa, unapokelewa kwa nyimbo na dua za kwao, katika lugha ambayo mtoto huyo aliadhibiwa kwa kuizungumza.